Morrowind: gemu ya zamani, laptopu ya mtumba, na ndugu wawili waliogombana kabla ya dunia

Bei kwanza, maana najua ndilo swali mtakaloanza nalo. The Elder Scrolls III: Morrowind inauzwa dola 14.99 kwenye Steam na GOG, maduka ya gemu ya mtandaoni. Hiyo ni kama shilingi elfu mbili bila punguzo, na punguzo halikosi kuja, ukivumilia utaipata kwa nusu au chini. Mimi nililipa kwa kadi pepe ya M-Pesa. Gemu yenyewe ilitoka mwaka 2002, iliundwa na kampuni ya Bethesda ya Marekani, na wakati huo ilitaka kompyuta yenye RAM ya megabaiti 256 na nafasi ya gigabaiti moja kwenye diski. Leo hata laptopu ya eks-UK iliyochubuka pembe, ile ambayo mwenyewe anaona haya kuitoa kwenye begi, itaibeba bila kuhema.

Nina kibanda cha kutengeneza kompyuta Luthuli Avenue, Nairobi, juu ghorofani, katikati ya muuza chaja na dada anayebadilisha vioo vya simu. Wateja huniuliza gemu gani inacheza kwenye mashine isiyo na kadi ya picha. Jibu langu limekuwa hili hili kwa muda mrefu, na wengi hurudi kunilaumu kwamba picha ni mbaya na upanga haugusi mtu. Lawama ya upanga nitaifikia. Lakini kwanza niseme kwa nini naendelea kuisifia, maana sababu yangu haina uhusiano na upanga wala picha. Ni dini yake.

Gemu nyingi za upanga na uchawi zinakupa wema huku na uovu kule. Mwenye pembe ni mbaya, mwenye joho jeupe ni mzuri, wewe ua wenye pembe mpaka waishe. Morrowind nayo ina uwili mwanzoni mwa kila kitu, lakini hakuna mahali wanapokuambia upande mmoja ni mwema. Nguvu mbili za mwanzo ni utulivu na mageuko: kitu kinachokaa kama kilivyo, na kitu kisichokubali chochote kikae kama kilivyo.

Hadithi yenyewe imo katika kitabu unachoweza kukiokota humo ndani ya gemu na kukisoma ukurasa kwa ukurasa, The Annotated Anuad. Hapo mwanzo walikuwapo ndugu wawili, Anu na Padomay. Walipoingia katika utupu, wakati ukaanza. Mwanga na giza vikachezeana, akatokea Nir. Wote wawili wakampenda. Nir akampenda Anu. Padomay akaondoka na uchungu wake. Aliporudi, Nir alikuwa na mimba. Akamweleza mapenzi yake, akakataliwa, akampiga kwa hasira. Anu akaja, wakapigana, Padomay akatupwa nje ya wakati. Nir akajifungua uumbaji wote, kisha akafa kwa majeraha, na Anu kwa majonzi akajificha ndani ya jua akalala.

Haikuishia hapo. Uhai ukachipuka katika dunia kumi na mbili. Padomay akarudi, akaziona, akazichukia, akazipasua kwa upanga wake. Anu akaamka, wakapigana tena, safari hii akamwangusha na kudhani amemmaliza. Akaokota vipande vya zile dunia kumi na mbili, akaviunga kuwa dunia moja, Nirn, hiyo ambayo wewe mchezaji unaikanyaga. Angali katika kuunga, ndugu yake akamchoma kifuani. Anu akamshika kwa nguvu zilizobaki, akamvuta, wakatoka wote wawili nje ya wakati, na hawajarudi. Damu ya Padomay ikawa wale wanaoitwa Daedra. Damu ya Anu ikawa nyota. Ile iliyochanganyika ikawa Aedra, ambao wana uwezo wa mema na mabaya kwa sababu wana damu ya pande zote.

Nilimsimulia mke wangu hadithi hii jikoni, akiwa anasonga ugali. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akasema, "Kwa hiyo wanaume wawili wamepigana, mwanamke amekufa, na sifa wakapewa wao?" Sikuwa na jibu. Angalau dunia imebaki na jina lake, nikasema, akaniangalia tu.

Kinachonivutia katika masimulizi hayo ni ile dunia ya viraka. Chini ya miguu yako hakuna kazi safi ya fundi mmoja aliyekaa akapanga. Kuna vipande vilivyookotwa vitani na aliyeviokota hayupo. Sasa ongeza kitabu cha pili, The Monomyth, ambacho ni cha kisomi zaidi: kinakusanya masimulizi ya mataifa mbalimbali ya humo ndani na kusema kwamba watu na elfu (wale "elves" wa hadithi, wenye masikio yaliyochongoka) wa kila aina huanzia mahali pamoja, kwa wawili wale wale, ila wanawaita majina tofauti. Anu na Padomay. Anuiel na Sithis. Satak na Akel. Wengine hawataji jina kabisa, wanasema tu Kuwapo na Kutokuwapo. Katikati ya wawili hao kuna mahali panapoitwa Pengine ya Kijivu, na hapo ndipo tulipo. Na kuna jambo ambalo sikulitarajia: anayepewa heshima kubwa katika mataifa mengi ni Sithis, yule wa kuharibu na kugeuza, kwa sababu bila yeye yule mwingine angekaa na nuru yake milele na pasingetokea kitu.

Mimi nimelelewa Kibokoni, Mombasa, madrasa asubuhi na shule mchana, na nilifunzwa kwamba Mungu ni mmoja, hana mshirika. Hadithi ya wawili wa mwanzo kwangu ni hadithi, na naifurahia hivyo hivyo. Lakini jengo letu lina askari wa usiku, mzee wa Kimaasai kutoka Kajiado, ambaye hupenda kukaa kwenye stuli yangu jioni akisubiri zamu yake ianze. Alipoona nasoma kitabu badala ya kupiga watu, akauliza ni nini. Nikamweleza. Hakushangaa hata kidogo.

"Fundi, hiyo si mpya," akasema. "Enkai kwetu ana sura mbili. Enkai Narok, mweusi, huyo ndiye wa mvua na majani. Enkai Nanyokie, mwekundu, huyo ni wa hasira na kiangazi."

"Na mweusi ndiye mzuri, mzee?"

"Wewe umeona wingu la mvua jeupe?"

Nimeyaweka maneno yake hapa kwa sababu yanaeleza kosa wanalofanya wanaoicheza Morrowind kwa haraka. Wanaona Padomay ameambatana na giza, wanahitimisha ni shetani. Wanasikia Daedra, wanatafuta pembe. Halafu wanafika katikati ya gemu na kugundua kwamba anayewaongoza tangu ndoto ya kwanza ni Azura, naye ni Daedra. Azura ni bibi wa alfajiri na magharibi, zile saa mbili ambazo si mchana wala si usiku. Ndiye anayekuita, ndiye anayekupa pete yako, na huyo huyo ndiye aliyelaani taifa zima la Chimer, ngozi zao za dhahabu zikawa rangi ya jivu na macho yakawa mekundu. Mwema au mbaya? Watu wa nchi ya Morrowind wenyewe wamewagawa Daedra: watatu wanawaheshimu, Azura, Boethiah na Mephala, na wanne wanawaogopa. Wote ni damu ya upande mmoja.

Tofauti ya Aedra na Daedra nayo imepangwa vizuri. Aedra ndio walioshiriki kuiumba dunia, wakatoa sehemu ya nafsi zao, na kwa hiyo wanaweza kufa. Daedra hawakutoa kitu. Hawawezi kuumba, wanaweza kugeuza tu, na hawafi. Ukiwashinda unawafukuza tu. Aliyeumba alipungukiwa, aliyekataa kuumba yuko mzima. Sijui gemu nyingine iliyofikiria gharama ya kuumba kwa namna hii.

Na aliyewashawishi waumbe? Anaitwa Lorkhan. Hapa ndipo mpwa wangu na mimi tuligombana wiki nzima. Yeye yuko chuo, anasoma uhasibu, na hupitia kibandani akitoka darasani. Kwa elfu wa juu, Lorkhan ni tapeli: aliwahadaa miungu wakaingia katika mradi uliowafanya wapoteze umilele wao, na sasa vizazi vyao vinazeeka na kufa. Kwa binadamu wa humo ndani, Lorkhan ni mfadhili: bila yeye wasingekuwapo kabisa. Tukio ni moja, mashahidi hawabishani hata kuhusu nani alifanya nini, wanabishana tu kama ilikuwa hisani au wizi. Mpwa wangu anashika upande wa elfu. "Anko, mtu akikuuzia biashara bila kukwambia hasara, huyo ni mwizi," anasema. Mimi nasema aliyezaliwa kutokana na biashara hiyo hana haki ya kuidai irudishwe. Hatujaafikiana, na gemu haikusaidii kuamua. Imeviacha vitabu vyote viwili kwenye rafu moja.

Miungu walimwadhibu Lorkhan kwa kumng'oa moyo. Kwa masimulizi ya elfu, moyo ule haukuharibika. Uliwacheka, ukasema kwamba wenyewe ndio moyo wa dunia. Ndipo Auriel, mmoja wa miungu hao, akaufunga kwenye mshale na kuutupa mbali baharini. Ukizunguka kisiwa cha Vvardenfell, ambacho ndicho uwanja wa gemu yote, utaona katikati mlima wa volkano unaotema majivu, Red Mountain. Moyo uko chini ya mlima huo.

Kama hutaki kujua mwisho wa hadithi ya 2002, ruka aya hii na inayofuata. Adui mkubwa, Dagoth Ur, anapata nguvu zake kutoka kwenye moyo huo. Sawa, ulitarajia. Lakini miungu watatu wanaolilinda taifa, Almalexia, Sotha Sil na Vivec, wanaoombwa katika kila hekalu unaloingia, nao walijifanya miungu kwa moyo huo huo. Mlinzi na adui wanakula chungu kimoja. Ukiivunja nguvu ya moyo kwa nyundo ya Sunder na jambia la Keening, unamwangusha Dagoth Ur na papo hapo unawakatia wale watatu riziki yao. Huwezi kumpiga mmoja bila kumpiga mwingine. Uwili uliousoma kitabuni mwanzoni sasa umekuwa kazi ya mikono yako, na hakuna kitufe cha kuchagua upande.

Vivec ndiye mhusika bora kabisa wa gemu hii. Unamkuta katika kasri lake kusini mwa mji wenye jina lake, anaelea hewani amekunja miguu. Mwili wake umegawanyika sawasawa: nusu dhahabu kama Chimer wa kale, nusu jivu kama Dunmer wa leo, ndilo jina la Chimer baada ya laana. Laana ya Azura ilimpata nusu tu, au aliikubali nusu tu, sijui. Juu ya mji wake kuna jiwe kubwa lililoanguka kutoka angani, amelizuia hapo kwa nguvu zake lisiwaponde watu, na ndani ya jiwe hilo hilo Hekalu limechimba gereza la wazushi. Ameandika Masomo 36, na humo anajieleza kuwa mwanamume na mwanamke kwa pamoja. Hekalu lake linakanusha kwamba yeye na wenzake walimwua Nerevar, jemadari wao. Lakini shika somo la 36, chukua herufi ya kwanza ya kila aya, zisome kwa kufuatana: zinataja mauaji. Mungu anayekana kupitia makasisi wake na kukiri katika maandishi yake, akajua wengi hawatasoma. Nilipoona hilo nilizima kompyuta nikaenda kunywa chai.

Sasa kasoro, na si ndogo.

Upanga. Mwanzoni utasimama uso kwa uso na panya, utamkata, utaona kabisa chuma kimepita mwilini mwake, na gemu itakwambia umekosa. Ndani kuna hesabu ya bahati inayopigwa kila unapozungusha silaha, na kama ujuzi wako ni mdogo au umechoka, hukupata, hata macho yaone nini. Chagua silaha moja, itaje kuwa ujuzi wako mkuu tangu unapoandikishwa Seyda Neen, na usipigane ukiwa umetoka kukimbia. Wengi hawaambiwi hivi, wanaiacha gemu kabla hawajatoka kijijini.

Mwendo ni wa polepole mno. Ndege wabaya wanaoitwa cliff racer watakufuata kutoka mlima mmoja hadi mwingine mpaka uchukie anga. Watu karibu wote huzungumza kwa maandishi, sauti ni chache, na Kiingereza chake ni kizito, hasa humo kwenye vitabu ambavyo ndivyo ninavyovisifia. Asiyependa kusoma atapata nusu ya gemu, tena ile nusu mbovu.

Hakuna mshale wa kukuonyesha njia. Mtu atakwambia toka kwa lango la kaskazini, fuata mto, vuka daraja, ukiona mawe mawili pinda kulia. Vijana wa siku hizi hilo linawashinda. Mimi lilinipa raha, maana ni vile vile unavyoelekezwa nyumbani kwa mtu Githurai: shuka steji, pita kanisa la mabati, ukifika kwa mama mboga uliza. Unapotea, unarudi, na unapotea tena kwa sababu aliyekuelekeza alikosea. Ndiyo, humo ndani kuna watu wanaokuelekeza vibaya.

Watu huniuliza kwa nini wasinunue Skyrim moja kwa moja, ya 2011, iliyo ya ulimwengu huo huo. Inunueni kama mashine inaruhusu, ni nzuri machoni na upanga wake unagusa. Lakini kwa habari ninayoisema hapa imepungua. Sithis, nusu nzima ya mwanzo wa vyote, kule utakutana naye zaidi kama baba mtisho wa chama cha wauaji wa kukodiwa, wanaomtaja kwa kunong'ona kwenye pango. Vitabu bado vipo, lakini joka linapokuwa juu ya paa hakuna anayefungua kitabu.

Kuhusu toleo: chukua linalokuja na nyongeza zake mbili, Tribunal na Bloodmoon. Ile ya kwanza inakupeleka kwa Almalexia na Sotha Sil, na ukishajua chungu wanachokula, utaielewa tofauti. Ile ya pili ni ya theluji na mbwamwitu, naipita. Pamoja na hayo pakua OpenMW, injini huria isiyolipiwa inayosoma faili za gemu uliyonunua na kuiendesha vizuri kwenye Windows ya leo na hata Linux. Faili za gemu lazima uwe nazo; wanaokuja kibandani na flashi wakitaka niwawekee bure, jibu ni lile lile la siku zote.

Nikiambiwa nitoe alama, natoa nane kwa kumi, na mbili nilizozuia zote ni za yule panya. Asinunue: anayecheza dakika ishirini ndani ya matatu, anayetaka kujua nani mbaya kabla ya kuchomoa upanga, na mtoto wa chini ya miaka kumi na mitatu, kwa sababu Masomo ya Vivec yana mambo ambayo hutapenda kuyaeleza mezani. Wengine wote, mkishafika mji wa Vivec, ingieni mtaa wa wageni, teremkeni mpaka duka la vitabu la Jobasha. Ni paka anayezungumza na bei zake ni ghali. Nunueni tu, au someni mkiwa mmesimama hapo dukani, hakufukuzi.